Kikulacho ki Nguoni Mwako: Lupita Nyong'o na Filamu za Kutisha

Utangulizi

Ukitaja filamu za kutisha katika semina ya fasihi, watu hucheka. Fasihi, tunaambiwa, ni Shaaban Robert, ni Kezilahabi, ni Penina Muhando. Mizuka na damu tuwaachie vijana wa mabanda ya video kule Mwanjelwa, Mbeya, au hapa Iringa maeneo ya Mashine Tatu. Makala haya yanapinga mtazamo huo. Yanafanya hivyo kwa kufuatilia kazi ya mwigizaji mmoja wa Afrika Mashariki, Lupita Nyong'o, Mkenya aliyepewa tuzo ya Oscar kwa filamu ya utumwa, lakini akaja kupewa nafasi ya kubeba hadithi nzima mabegani mwake katika filamu za kutisha.

Hoja yetu ni hii: hadithi ya kutisha isipimwe kwa wingi wa damu wala kwa ukubwa wa mayowe. Ipimwe kwa swali moja tu, nalo ni kwamba kidole chake kinamwelekea nani? Je, kinamwelekea jirani, mgeni, mlemavu na bibi kizee, au kinatugeukia sisi wenyewe tulioketi tunatazama? Kwa watu wa Nyanda za Juu Kusini swali hilo haliishii darasani. Kwetu huku hofu imewahi kuua watu, tena si kwenye kioo cha televisheni.

Tahadhari moja, ndugu msomaji: tutaeleza miisho ya filamu. Haiwezekani kuhakiki kisa cha aina hii huku umeuficha mwisho wake.

Malkia wa mayowe

Wamarekani wana jina la utani kwa mwigizaji wa kike anayejulikana kwa filamu za kutisha. Kwa Kiswahili tungeweza kumwita "malkia wa mayowe". Fay Wray alipiga yowe mikononi mwa sokwe katika King Kong mwaka 1933. Janet Leigh aliuawa bafuni katika Psycho ya Alfred Hitchcock mwaka 1960, na mwaka 1978 binti yake, Jamie Lee Curtis, akamkimbia muuaji mwenye kinyago katika Halloween. Ukoo mzima wa mayowe, mama na mwana!

Kimhusika, malkia wa mayowe alikuwa na kazi nyembamba. Alipaswa kuwa mzuri, kukimbia, kujikwaa, kupiga yowe, na ama kuuawa ama kubaki wa mwisho. Hadhira ilimwogopea, yeye mwenyewe hakuogopwa. Tena karibu wote walikuwa Wazungu. Watu weusi walikuwa wachache mno katika sinema hizo, na walipokuwamo, mara nyingi walitangulia kufa. Duane Jones, aliyekuwa mhusika mkuu wa Night of the Living Dead mwaka 1968, alikuwa kama jogoo mweusi kati ya kuku weupe.

Mabadiliko makubwa yalikuja mwaka 2017, muongozaji Mmarekani mweusi Jordan Peele alipotoa Get Out. Filamu hiyo, iliyomletea Oscar ya uandishi wa filamu mwaka 2018, inahusu kijana mweusi anayealikwa kwa wakwe Wazungu wanaomchekea usoni huku wakiwa na mipango yao juu ya mwili wake. Ajabu ni kwamba mwanzoni mwake unapigwa wimbo wa Kiswahili. Jina lake ni "Sikiliza kwa Wahenga", na mtunzi wake ni Michael Abels. Mtazamaji wa Chicago anasikia sauti nzuri za mbali tu, basi. Mtazamaji wa Makambako au Tukuyu anaelewa kwamba wazee wanamwonya kijana kabla hajafika kokote. Hivi ndivyo lugha yetu ilivyoingia katika filamu ya kutisha ya Marekani: kama sauti ya wahenga, na yenye onyo. Miaka miwili baadaye Peele alimhitaji mtu wa kuibeba filamu yake ya pili, akamchukua Lupita.

Kutoka Nairobi hadi kwenye kivuli

Lupita alizaliwa Mexico City mwaka 1983, akakulia Kenya. Akiwa na miaka 14 aliigiza Juliet wa Shakespeare na kikundi cha Phoenix Players, Nairobi. Kazi yake ya kwanza inayotuhusu zaidi hapa, hata hivyo, hakuiigiza, aliiongoza. Ni filamu ya uhalisia iitwayo In My Genes ya mwaka 2009, inayohusu maisha ya watu wenye ualbino nchini Kenya. Miaka ile hapa Tanzania, hasa kuanzia mwaka 2007, watu wenye ualbino walikuwa wanauawa kwa ajili ya viungo vyao, na Kanda ya Ziwa ndiyo iliyotajwa zaidi. Kwa hiyo kabla hajaigiza kiumbe cha kutisha, binti huyu alikwisha kuwasikiliza watu ambao jamii imewageuza viumbe vya kutisha. Tutalirudia jambo hili.

Mwaka 2012 alihitimu uigizaji katika Chuo Kikuu cha Yale. Mwaka 2013 alitokea katika 12 Years a Slave ya Steve McQueen kama Patsey, mtumwa anayeteswa kwenye shamba la pamba, na tarehe 2 Machi 2014 akapokea Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike. Mtu angedhani sasa milango yote iko wazi. La hasha! Mwaka 2025 alisimulia kwamba baada ya tuzo ile aliletewa kazi nyingine za kucheza mtumwa. Na tukiangalia filamu zake kubwa zilizofuata, tunaona jambo la kushangaza: uso wake haupo. Katika Star Wars: The Force Awakens (2015) ni kiumbe kidogo cha rangi ya chungwa kilichochorwa na kompyuta. Katika The Jungle Book (2016) ni sauti ya mbwa mwitu. Ni kweli kwamba mwaka 2016 alicheza vizuri sana kama mama wa mchezaji chesi Phiona Mutesi katika Queen of Katwe, na mwaka 2018 alikuwa Nakia katika Black Panther. Lakini hizo ni hadithi za wengine, yeye ni msaidizi.

Wapo wanaosema kwamba mshindi wa Oscar "alijishusha" alipoingia kwenye filamu za kutisha. Hao wameusoma mfuatano huu kichwa chini, miguu juu. Sinema inayoitwa ya heshima ilimpa kinyago. Ile inayodharauliwa ndiyo iliyomrudishia uso wake. Tena ilimpa nyuso mbili.

Us: kioo cha baharini

Us ilitolewa Machi 2019. Jina lake lina maana ya "Sisi", na herufi zake ni zilezile zinazofupisha jina la nchi ya Marekani. Kisa ni hiki. Mwaka 1986 mtoto wa kike, Adelaide, anapotea kwenye viwanja vya michezo ufukweni Santa Cruz, California. Anaingia kwenye nyumba ya vioo, na humo anakutana na mtoto anayefanana naye kama mapacha. Miaka mingi baadaye, akiwa mke na mama wa watoto wawili, anarudi pale likizo pamoja na familia yake. Usiku, watu wanne wanasimama mbele ya nyumba wameshikana mikono. Wamevaa nguo nyekundu na wana mikasi. Ni wao wenyewe: baba, mama, binti na kijana. Anayewaongoza ni Red, nakala ya Adelaide, na katika nakala hizo zote ni yeye peke yake anayezungumza.

Red anaeleza kwamba wao wameishi chini ya ardhi maisha yao yote, wakilazimishwa kuiga kila tendo la walioko juu. Wa juu wanapokula chakula cha moto, wa chini wanakula sungura wabichi. Kwa kifupi, ni hadithi ya matabaka, tena ya wazi kabisa: starehe ya mmoja imefungwa kamba na mateso ya mwingine. Kama unaitafuta dhamira ya kuandika kwenye mtihani, hiyo hapo.

Lakini Peele hakuishia hapo, na ndipo kazi ya Lupita inapokuwa nzito. Mwishoni tunagundua kwamba siku ile ya 1986 watoto wale walibadilishana. Aliyetoka chini ndiye aliyemkaba koo mwenzake, akamwacha shimoni na kuja kuishi juu kwa jina la Adelaide. Yule mama tuliyemwogopea kwa saa mbili nzima, tukimwombea aokoke, ndiye aliyekuwa kiumbe wa chini. Na Red, tuliyemwita jini, ndiye mtoto aliyeibiwa maisha yake.

Wahenga wamelisema hili kwa maneno manne: kikulacho ki nguoni mwako. Lupita alilazimika kuigiza wahusika wawili ambao kila mmoja ni mwongo na mkweli kwa wakati mmoja. Ukiirudia filamu, unaona alivyopanda dalili tangu mapema: Adelaide si mtu wa maneno mengi, na kadiri mapambano yanavyokolea koo lake linatoa milio kama ya mnyama. Mara ya kwanza unadhani ni hofu, kumbe ni asili yake inarudi.

Filamu ilitengenezwa kwa dola milioni 20, ikaingiza zaidi ya dola milioni 250. Chama cha wahakiki wa filamu wa New York kilimtaja Lupita kuwa mwigizaji bora wa kike wa mwaka 2019. Oscar haikumpendekeza hata jina. Ile dharau ya semina zetu, kumbe ipo hata Hollywood.

Sauti ya Red na dosari yake

Hofu ya Us imekaa kwenye sauti. Red anaongea kama mtu anayevuta maneno kutoka kisima kilichokauka: pumzi inaingia, neno linakatika, pumzi tena. Aliyelelewa karibu na bibi msimuliaji anaijua mbinu hii. Kwenye ngano zetu zimwi halichorwi, linasikika. Fanani anaiteremsha sauti, anaikwaruza, anakaa kimya kidogo, na watoto wanasogeleana jikoni. Hata wasimuliaji wa mabanda ya video, watu kama Lufufu aliyejipatia jina kwa kuzieleza filamu za kigeni kwa Kiswahili, walirithi kazi hiyohiyo: picha ni ya Wamarekani, lakini koo la hadithi ni la fanani.

Hata hivyo mhakiki hapaswi kusifu tu. Lupita alieleza kwamba katika kuitafuta sauti ya Red alianzia kwenye ugonjwa halisi unaofanya misuli ya koo ikaze na sauti kukatika. Mashirika ya kutetea watu wenye ulemavu yalilalamika: kwa nini kila siku ubaya upewe mwili wa mgonjwa? Naye mwaka huohuo wa 2019 aliomba radhi hadharani.

Malalamiko hayo yana uzito, na msomaji wa Tanzania ana sababu zaidi ya kuyasikiliza. Mtoto akishazoea kwamba sauti ya namna fulani, ngozi ya namna fulani au macho ya namna fulani ni alama ya uovu, somo hilo haliishii kwenye filamu. Bibi wangapi katika nchi hii wametuhumiwa uchawi kwa sababu ya macho mekundu, wakati macho hayo yameunguzwa na moshi wa kuni za kuwapikia wajukuu? Aliyeongoza In My Genes alipaswa kuliona hilo mapema. Kinachoiokoa Us kwa kiasi fulani ni ule mwisho wake: sauti ya Red iliharibika kwa sababu alikabwa koo. Kumbe tulichokiogopa kilikuwa kidonda, na aliyekitia ni yule tuliyemshangilia.

Mwalimu na watoto

Mwaka huohuo wa 2019 Lupita alionekana katika Little Monsters ya Abe Forsythe, filamu ya Australia inayochanganya kutisha na kuchekesha. Yeye ni Miss Caroline, mwalimu wa chekechea aliyevaa gauni la njano, aliyewapeleka watoto kutembelea shamba la wanyama. Wafu wanaotembea wanatoroka kambi ya jeshi iliyo jirani na kulizingira shamba. Mwalimu hana bunduki. Ana gitaa dogo, nyimbo, na uongo mmoja mtakatifu: anawaambia watoto kwamba huu ni mchezo. Anatoka nje anapambana, anarudi na gauni lililoloa damu, anawaambia ni jamu. Kisha darasa linaendelea.

Kifani hii ni filamu nyepesi kuliko Us, na utani wake mwingine ni wa kihuni usiohitajika. Lakini sisi ambao wengi wetu tunasomea ualimu tuichukulie kwa uzito. Mwanzoni mwa mwaka huohuo wa 2019, kabla hata Us haijatoka, nchi ilitikiswa na habari za watoto waliouawa Njombe, mkoa ambao hadi mwaka 2012 ulikuwa sehemu ya Iringa. Mauaji hayo yalihusishwa na imani za kishirikina. Wazazi waliogopa kuwaacha watoto waende shule peke yao. Sasa we fikiria mwalimu wa darasa la kwanza asubuhi ile, na watoto arobaini wanaomtazama usoni ili wajue kama waogope au wasiogope. Uso wa mwalimu ndio habari yao ya kwanza. Miss Caroline anaigiza mbele ya watoto kwamba haogopi, na Lupita anamwigiza mwanamke anayeigiza. Tunaona hofu yote kwenye shingo na macho, watoto wanaona tabasamu.

Katika filamu hii malkia wa mayowe hapigi yowe hata kidogo, kwa sababu yowe lake lingewaua watoto. Hapo ndipo Lupita alipoivunja kazi nyembamba tuliyoieleza mwanzoni.

Ukimya wa mshairi

Mwaka 2024 ikaja A Quiet Place: Day One ya Michael Sarnoski. Viumbe wasioona wanaanguka kutoka angani na kuushambulia mji wa New York. Wanawinda kwa masikio tu. Anayetoa sauti anakufa. Lupita ni Samira, mshairi aliye mahututi kwa saratani, anayeishi kwenye nyumba ya kuwauguza wasiopona. Mji mzima unakimbilia kwenye meli. Samira anatembea kuelekea upande wa pili, Harlem, na paka wake mkononi. Anataka kula piza kwenye mtaa ambako baba yake alikuwa akipiga piano. Basi. Hataki kuokoka, anataka kumaliza.

Lupita alisema kwamba alikuwa mwoga wa paka tangu zamani, ikabidi azoeshwe. Alisema pia kwamba kazi ile ilimrudisha kwa Chadwick Boseman, mwenzake wa Black Panther, aliyefariki kwa saratani Agosti 2020. Mambo haya mawili yanasaidia kueleza kwa nini ukimya wa Samira haufanani na ukimya wa mtu aliyejificha. Amekwisha kuogopa kitu kikubwa zaidi kabla viumbe hawajafika.

Utani unaosemwa kuhusu filamu hii ni kwamba inamnyima kazi msimuliaji wa banda: watu wote wamenyamaza, DJ ataeleza nini? Lakini hapo ndipo tunapojifunza. Maneno yakiondolewa, kinachobaki ni pumzi, na Lupita anaigiza kwa pumzi. Mwishoni Samira anamkabidhi paka kwa kijana aliyefuatana naye, kijana anapanda meli. Yeye anabaki peke yake barabarani, amevaa visikizio, muziki wa Nina Simone unapiga. Kisha anauchomoa waya. Muziki unasikika mtaa mzima. Mshairi amechagua sauti yake ya mwisho, na kuwaita viumbe kwa hiari yake.

Hapa Iringa tuna jiwe la Gangilonga, ambalo jina lake la Kihehe lina maana ya jiwe linalosema. Mapokeo yanalihusisha na Mkwawa na habari za kuja kwa Wajerumani. Watu waliokuwa wanawindwa walijua thamani ya kusikiliza. Ndiyo maana hadhira ya huku haihitaji kufundishwa kwamba ukimya nao ni usemi.

Nsyuka wetu

Tumetoka mbali, sasa turudi nyumbani. Mwanzoni mwa miaka ya 2000 muongozaji Mussa Banzi alitoa filamu ya Kiswahili iliyoitwa Nsyuka, mojawapo ya filamu za kutisha za mwanzo kabisa katika video za Kitanzania. Jina hilo ni la Kinyakyusa. Nsyuka ni mfu anayerudi, mzuka. Na mwanaisimu yeyote ataona undugu wake na neno mzuka lenyewe, linalotokana na kuzuka. Kwa maneno mengine, sinema ya kutisha ya Dar es Salaam, ilipotafuta jina la hofu, ilipanda basi mpaka Rungwe. Mwaka 2005 Banzi akafuatisha Shumileta, kisa cha jini wa kike.

Kwa nini Mbeya? Sifa hii si ya heshima sana, jamani. Mwishoni mwa miaka ya 1990 na mwanzoni mwa miaka ya 2000 mkoa huo ulivuma kwa mauaji ya watu waliochunwa ngozi. Watu wa mikoa mingine wakaanza kuutaja kama nchi ya wachawi. Kidole kilielekezwa huku, na sisi tulipokielekeza kwingine, mara nyingi tulimwelekezea mnyonge: mjane, kizee, mgeni wa kijiji.

Mwanaanthropolojia Monica Wilson, katika kitabu chake Good Company cha mwaka 1951 kuhusu vijiji vya rika vya Wanyakyusa, alieleza imani kwamba mchawi ana chatu tumboni. Lakini alieleza pia jambo la pili, ambalo halisimuliwi sana: pumzi ya watu. Kijiji kikichukizwa na tendo la mtu, manung'uniko ya majirani huaminiwa kuwa yanamshukia kama baridi, anaugua. Ni hofu iliyokaa kwenye sauti, kama ya Red. Inaweza kumrudisha mwonevu kwenye mstari, hata akiwa mkubwa. Inaweza pia kumuua asiye na hatia. Yote yanategemea kijiji kimemgeukia nani. Tunarudi kwenye kidole.

Na hapa ndipo wanaodharau aina hii ya hadithi wanapoikosea hata fasihi wanayoitetea. Kezilahabi aliandika "Mayai Waziri wa Maradhi", hadithi fupi ambamo mizimu inamwandama kiongozi usiku. Said Ahmed Mohamed alitoa riwaya ya Babu Alipofufuka mwaka 2001, ambamo mfu anamrudia mjukuu wake mwenye cheo. Hizo ni hadithi za nsyuka kabisa! Tofauti yake na filamu nyingi za video ni kwamba mzuka haji kumtafuta bibi kizee wa jirani. Anakuja kumdai mwenye gari na ofisi. Waandishi hao walikwisha kukigeuza kidole.

Filamu zetu nyingi bado hazijakigeuza. Mwanamke wa kutisha katika video zetu mara nyingi ni jini mrembo anayempoteza mume wa mtu, au mama mkwe mwenye tunguri. Mwishoni anapigwa kwa maombi au kwa dawa, na hadhira inarudi nyumbani ikiwa na hakika kwamba ubaya unakaa nyumba ya tatu kutoka kwao. Waigizaji wanaopewa nafasi hizo wana vipaji. Kinachokosekana ni mswada unaowaruhusu kuwa watu wawili kwa wakati mmoja, kama Adelaide na Red.

Hitimisho

Tumeona kwamba Lupita Nyong'o aliingia katika filamu za kutisha wakati sinema ya heshima ilikuwa imempa tuzo huku ikimficha uso, na kwamba katika filamu tatu aliibadilisha kazi ya malkia wa mayowe. Katika Us alikuwa anayeogopa na anayeogopwa. Katika Little Monsters aliimeza hofu ili watoto wasiione. Katika Day One aliitazama mpaka yenyewe ikachoka. Hakuna hata moja kati ya hizo inayomfundisha mtazamaji kumwogopa jirani yake. Palipotokea kasoro, kwenye sauti ya Red, ilitokana na kuusahau mtihani huohuo wa kidole.

Sasa kazi ni yetu. Wenzetu wanaoandika michezo ya kuigiza hapa Iringa na Mbeya, na wale watakaopangiwa shule za Ludewa, Makete, Chunya na Kyela, wana mali ambayo Hollywood inaitafuta kwa mamilioni ya dola: nsyuka, pumzi ya watu, jiwe linalosema. Msiitupe kwa kuona aibu ya semina. Lakini kabla ya kuandika ukurasa wa kwanza, jiulizeni mzuka wenu anakuja kugonga mlango wa nani. Akigonga kwa bibi mwenye macho mekundu, chaneni karatasi mwanze upya.